Mapishi yenu ya joto yalinikuta nimevaa sweta

Ndugu Mhariri,

Barua hii nimekaa nayo miezi mitano. Niliianza Julai, siku gazeti lako lilipotoa mapishi ya keki na matunda ya "kuburudisha majira ya joto", nikaishia aya ya pili. Niliona nitaonekana mzee mgomvi asiye na kazi. Nikajisemea, acha maembe yaive, nipike, nile, ndipo niandike nikiwa na ushahidi tumboni. Sasa ni Desemba. Maembe yameiva, nimeshapika mara nne, na wajukuu wamegombania kulamba mwiko.

Siku hiyo ya Julai nilikuwa barazani kwangu hapa Kihonda, Morogoro, saa moja na nusu asubuhi, nimevaa sweta na soksi. Milima ya Uluguru ilikuwa imejifunika ukungu, haionekani hata kwa dawa. Nikafungua ukurasa wa mapishi, nikakutana na picha ya bakuli la stroberi na krimu nyeupe kama povu la sabuni, na chini yake maneno kwamba katika joto hili familia inahitaji kitu cha baridi. Joto lipi, Mhariri? Chai yangu ilipoa kabla sijafika mwisho wa mahitaji.

Jirani yangu, mama anayeuza vitumbua, alipopita nikamsomea. Alicheka hadi akashika nguzo ya baraza, kisha akaniomba gazeti akafungie vitumbua vyake. Nikamwambia chukua lote, ila ukurasa huu niachie. Ninao mpaka leo.

Najua mapishi yale yalikotoka. Uingereza Julai ndiyo joto lao, na stroberi zao huiva Juni na Julai, kwa hiyo mtu wa kule akiandika vile hajakosea kitu. Aliyetuletea sisi ndiye aliyetafsiri maneno akasahau kutafsiri kalenda. Na neno lenyewe lina mtego. Shuleni tulifundishwa kwamba summer ni kiangazi, lakini kiangazi chetu ni ukavu: mvua zimekata, majani yamegeuka rangi ya simba, na katikati yake ndimo kinamokaa kipupwe, baridi ya Juni na Julai inayotutoa makamasi sisi wa Morogoro, usiseme wenzetu wa Njombe na Lushoto. Joto letu linaanza kupanda Oktoba. Ikifika Desemba na Januari, kaskazi inavuma pwani, shuka linakuwa adui. Na kwa kuwa Mungu si Athumani, wakati huohuo maembe yanaiva.

Utaniuliza mimi ni nani wa kufundisha watu dizati. (Nyinyi mmeandika "kitindamlo". Sina ugomvi nalo, ni neno zuri, ila sijawahi kumsikia mtu akiliagiza mezani.) Mimi nilikuwa mpishi wa behewa la chakula kwenye treni ya reli ya kati kuanzia 1979 hadi 2002. Dar es Salaam hadi Kigoma ni zaidi ya kilomita 1,200, usiku mbili kama mambo yamekwenda vizuri, na jiko letu lilikuwa jembamba kiasi kwamba ukitaka kugeuka unamwomba radhi mwenzako. Sufuria tulizifunga kwa waya zisiruke treni ikikata kona. Kwa abiria wa daraja la kwanza tulikuwa na dizati za aina tatu: ndizi na kastadi, saladi ya matunda, na mara mojamoja traifo, yaani keki, matunda na kastadi vilivyopangwa tabaka kwa tabaka kwenye bakuli. Kwa Waingereza wenyewe trifle maana yake ni kitu kidogo kisicho na uzito. Jaribu kubeba bakuli lake treni ikiwa inapanda Saranda ndipo utajua uzito wake.

Lakini ile ninayotaka kuwaambia wasomaji wako sikuijua kwenye daftari la jikoni. Niliijua Kilosa.

Wenye umri wangu wanaikumbuka mvua ya El Nino, mwisho wa 1997 kuingia 1998. Baada ya Kilosa, ukielekea Gulwe, reli inafuata bonde la mto Mkondoa, na mto ule ukikasirika reli haina ubishi. Treni yetu ikazuiwa Kilosa, tukaambiwa njia ya mbele imesombwa. Saa zikawa siku. Siku ya pili nyama imekwisha, mkate wa slesi umeota ukungu, barafu ilishayeyuka zamani. Nilichobaki nacho ni trei mbili za keki iliyopikwa Dar, kavu kama tofali, makopo ya unga wa kastadi, maziwa ya unga na sukari. Nje, chini ya madirisha, wanakijiji wamejaa na ndoo za maembe, yale madogo ya kienyeji yenye nyuzi, wanauza kwa bei ya huruma maana mvua ilikuwa ikiyaangusha mengi kuliko walaji.

Nilichukua sufuria kubwa ya chai. Nikavunja keki ndani yake. Maembe nikayamenya, nikayaminya kwa mikono juu ya chujio mpaka kokwa likabaki na ndevu tu, ule uji wa njano nikaumwaga juu ya keki. Nikapika kastadi kwa maziwa ya unga, nikaimimina juu, nikafunika kwa kitambaa cha meza nilichokilowesha, nikaiweka penye mlango ambapo upepo unapita. Baada ya saa tatu tukaanza kugawa kwa vikombe vya chai, siyo kwa daraja la kwanza tu, kwa kila aliyekuja. Kulikuwa na mama mmoja wa daraja la tatu, mtoto mgongoni, alirudi na kikombe mara tatu. Mara ya kwanza alitazama chini. Mara ya tatu alileta na kikombe cha mwenzake.

Pale ndipo nilipoelewa kitu ambacho miaka kumi na minane ya jikoni haikunifundisha. Keki kavu, ambayo sisi tuliiandika hasara, ndiyo hasa inayotakiwa. Keki iliyookwa leo ukiimwagia juisi inakuwa matope. Ya jana au juzi inakunywa taratibu, inavimba, lakini inabaki na umbo. Mapishi yenu ya Julai yalisema "oka keki, iache ipoe, kisha panga". Ongezeni: iache ilale.

Sasa ninavyofanya hapa nyumbani. Watu wanane wanakula wakashiba, au wajukuu watano.

Keki siinunui. Marehemu mke wangu alikuwa mzaliwa wa Bagamoyo, na aliniachia vitu viwili vya jikoni: bakuli kubwa la kioo lenye ufa mdogo ukingoni, na mkate wa mayai. Watu wa bara wasikie vizuri, mkate wa mayai si mkate uliopakwa mayai. Ni keki ya kipwani isiyo na siagi wala mafuta: mayai sita, kikombe kimoja cha sukari, kikombe kimoja cha unga wa ngano, iliki ya kutwanga. Basi. Hamira haina, wala unga wa kuumulia. Kinachoinyanyua ni hewa unayoipiga ndani ya mayai kwa mkono wako mwenyewe. Unapiga mayai na sukari mpaka yawe meupe na mazito, ukinyanyua mchapo ule uzi unaodondoka ukae juu kidogo kama mwandiko kabla ya kuzama. Kwa mchapo wa waya inanichukua kama dakika ishirini, na katikati nabadilisha mkono. Mke wangu alikuwa akiimba. Mimi nasikiliza taarifa ya habari. Halafu unga unachekechwa juu yake na kuchanganywa polepole kwa mwiko, kutoka chini kuja juu. Ukikoroga kwa hasira utaitoa hewa yote uliyoihangaikia.

Oveni sina na sijawahi kuitamani. Sufuria yangu naipaka mafuta kidogo na kuinyunyizia unga, natia mchanganyiko, nafunika kwa mfuniko wa bati bapa. Mkaa mwingi unakaa juu ya mfuniko na mdogo sana unabaki chini jikoni. Wengi wanaougua keki kuungua chini wamegeuza hesabu hiyo. Baada ya nusu saa nachoma katikati kwa njiti ya ufagio, ikitoka kavu natoa. Kwa kuwa haina mafuta, mkate wa mayai ukilala usiku mmoja unakauka upesi, na ndiyo maana naona hakuna keki inayoufikia kwa kazi hii. Unanyonya kama sifongo. Lakini kama umebakiwa na keki ya duka, au ya sherehe ya jana ambayo kila mtu amekwisha kuikinai, tumia hiyo, toa ile sukari ya juu.

Maembe. Hapa nitachukua nafasi kidogo, univumilie.

Bolibo na dodo ni ya kukata vipande: nyama nyingi, nyuzi chache. Ya kienyeji yenye nyuzi ni ya kuminya, na usiyadharau, maana harufu yao inapita ya wale wakubwa. Kwa hiyo mimi natumia yote mawili. Dodo matatu ya vipande, na ya kienyeji sita au saba ya juisi. Yachague kwa pua, siyo kwa macho, unuse pale kwenye kikonyo. Yaoshe kabla ya kukata, kwa sababu ule utomvu wa kikonyoni ndio unaochoma midomo ya watoto, halafu tunasema embe lina moto. Kokwa la embe ni bapa, kwa hiyo lisimamishe, pitisha kisu kando yake pande zote mbili, utapata mashavu mawili mazima. Yachanje vyumba vyumba bila kutoboa ganda, yageuze kama kofia, vipande vitasimama vyenyewe. Na usikate gizani. Siku hizi embe zuri kwa nje linaweza kuwa na wageni ndani. Bwana shamba wetu aliniambia hao ni watoto wa nzi wa matunda aliyetoka Asia, aliyeonekana Kenya mwaka 2003 kisha akatapakaa kwetu. Ukiona tundu dogo jeusi lililozungukwa na ulaini, hilo embe mpe mbuzi.

Juisi ya maembe ya kienyeji naikamulia ndimu moja, na pesheni mbili nikizipata. Ndimu ni ya lazima. Embe, keki na kastadi vyote ni vitamu. Bila ukali wa ndimu, kijiko cha tatu kinakukinaisha.

Kastadi ni rahisi ila ina adabu zake. Nusu lita ya maziwa, vijiko vitatu vya chakula vya unga wa kastadi, vijiko vitatu vya sukari. Unga ukorogee kwanza kwenye maziwa kidogo ya baridi, ndipo umimine kwenye maziwa yaliyochemka. Ukiutia mkavu kwenye maziwa ya moto utakula madonge. Koroga bila kwenda kuchungulia dirishani mpaka iwe nzito ya kufunika mgongo wa kijiko. Unga wenyewe, kwa wasiojua, hauna yai hata moja, ni wanga wa mahindi, rangi na vanila. Aliyeubuni ni mkemia wa Birmingham, Alfred Bird, mwaka 1837, kwa sababu mayai yalikuwa yakimdhuru mkewe na mkewe anapenda kastadi. Huyo mtu nampenda bila kumjua.

Mahali pa krimu, ambayo mapishi yenu yalitaka mililita 300 za aina "nzito" iliyopigwa, mimi naweka tui la kwanza la nazi moja. Nalitia mwishoni, kastadi ikiwa imeshaiva na moto umepungua, nikikoroga; likichemka sana tui linakatika, mafuta yanaelea juu. Nimewalisha hiyo wageni waliozoea krimu na hakuna aliyeuliza imekwenda wapi.

Kupanga hakuna siri. Vipande vya mkate wa mayai chini, juisi mpaka vilowe, vipande vya dodo, kastadi ikiwa vuguvugu, maana ya moto inapika matunda na ya baridi haiteremki kwenye nafasi. Rudia tena. Juu kabisa nasaga korosho zilizokaangwa, kwa mkono, vipande vikubwa, na nazitia wakati wa kula tu zisilainike. Ukikosa korosho, karanga. Liache bakuli litulie saa mbili au zaidi. Hiyo ndiyo sehemu ngumu ya mapishi yote ikiwa una wajukuu.

Watu huniuliza kuhusu matunda mengine. Maplamu ya Lushoto, ambayo nayo yanakuja mwezi huu, ni mazuri sana yakichemshwa kidogo na sukari. Ndizi ziwekwe mwisho na ndimu zisigeuke nyeusi. Tikiti liliwe peke yake, limejaa maji. Nanasi ndilo nina kesi nalo, na hii naieleza kwa aibu.

Mwaka fulani niliombwa kutengeneza dizati ya shughuli ya kumuaga binti wa jirani. Watu themanini. Nikasema nitawaonyesha. Nikanunua mananasi ya Kiwangwa, matamu ya kudondosha asali, nikayakata bila kuyapika, nikayapanga na jeli nyekundu chini, kastadi juu, jioni ya kuamkia siku yenyewe, nikayaweka kwenye friji ya kukodi. Asubuhi nafungua: jeli haijaganda, ni maji mekundu. Kastadi imejitenga, na nilipoonja ilikuwa chungu. Chungu, Mhariri, kitu nilichokitia sukari kwa mkono wangu. Nilimwaga mabakuli manane nyuma ya nyumba kabla bibi harusi hajaamka, watu wakala matikiti.

Nilikaa na fumbo hilo muda mrefu, mpaka siku moja namtazama kijana wa mishkaki akiisugua nyama yake papai bichi. Mpishi gani wa Tanzania hajui kwamba papai bichi linalainisha nyama? Basi nanasi lisilopikwa, hata likiwa limeiva, lina kitu cha namna hiyohiyo, kimeng'enya kinachovunjavunja protini. Kwenye nyama ni rafiki. Kwenye jeli kinakata kile kinachoigandisha, na kwenye maziwa kinaleta uchungu. Dawa yake ni moto: lichemshe nanasi dakika chache na sukari, lipoe, kazi yake inakufa na utamu unabaki. La kopo halina shida kwa sababu lilishapikwa kiwandani. Ukurasa wenu wa Julai ulimalizia kwa kusema "unaweza kubadilisha stroberi kwa tunda lolote la msimu". Tunda lolote! Sentensi hiyo ingeweza kumharibia mtu shughuli kama ilivyoharibika yangu.

Limebaki la ubaridi. Mliandika "weka kwenye jokofu usiku kucha". Mwenye friji aweke, ingawa usiku kucha ni nyingi. Asiye nayo asikate tamaa, ila ajue anaishi wapi. Mwanangu yuko Dodoma. Kule hewa ni kavu, kwa hiyo ukikalisha bakuli ndani ya beseni la maji, ukalifunika kwa kitambaa kilicholowa ambacho miguu yake imezama kwenye maji, ukaweka kivulini penye upepo, maji yanakauka kwenye kitambaa na yanaondoka na joto. Ni ujanja uleule wa mtungi. Inapoa kweli. Dada yangu yuko Tanga, akafanya vilevile Januari, akanipigia simu kunilaumu. Kosa lilikuwa langu sikumwambia kwamba pwani hewa imeshashiba maji, kitambaa hakikauki, basi hakipozi. Wa pwani anunue barafu, aizungushie bakuli kwenye beseni. Na popote ulipo, kitu cha maziwa kwenye joto hili hakingoji. Kama hakuna friji wala barafu, tengeneza asubuhi kile cha kumaliza mchana. Tabia ya kuweka mpaka kesho "kwa sababu bado kinanukia vizuri" imewapeleka watu hospitali.

Ninachokuomba, Mhariri, si kingi. Mwandishi wenu wa mapishi anaandika vizuri, anaeleweka, na wazo lake la kupanga keki na matunda ni zuri kama nilivyoonyesha. Ila akitoa mapishi ya msimu aandike jina la mwezi wetu na tunda lililopo sokoni mwezi huo. Julai machungwa ya Muheza yanakuwa yamejaa. Angetupa keki ya machungwa ya kuliwa ya moto na chai, ningempigia makofi na sweta langu. Pili, pale anapoandika nyuzi 180 za oveni, aongeze mstari mmoja kwa wenye mkaa: moto uwe mwingi wapi na mchache wapi. Tatu, apime kwa kikombe na kijiko. Gramu 400 za stroberi sijui hata ningezipimia wapi. Stroberi nimewahi kuzinunua mara moja tu, Dar, kikasha kinachojaa kiganja, na kwa bei ile hapa Kihonda ningerudi na ndoo ndogo ya maembe na chenji mfukoni.

Tangu treni ya umeme ianze kubeba abiria mwaka 2024, kutoka Dar hadi Morogoro ni chini ya saa mbili. Mwandishi wenu anaweza kupanda asubuhi, akala kwangu, akarudi jioni. Namkaribisha kabla maembe hayajaisha. Aje na bakuli lake, kwa sababu lile la marehemu mke wangu lina ufa na halisafiri.

Ni mimi,
Mpishi mstaafu wa behewa la chakula,
Kihonda, Morogoro.